Meli Ina Bei, Baharia Ana Nani?

Mwishoni mwa Juni 2005 meli ndogo ya mizigo, MV Semlow, ilikuwa njiani kutoka Mombasa kwenda Bosaso, kaskazini mwa Somalia, na tumboni ilibeba tani 850 za mchele. Mchele ule ulikuwa wa Shirika la Mpango wa Chakula Duniani, msaada kwa Wasomali walioathiriwa na tsunami ya Desemba 2004. Melini mlikuwa na watu 10: nahodha wa Sri Lanka, fundi wa mashine Mtanzania na Wakenya 8. Walitekwa kabla ya kufika, wakashikiliwa takribani siku 100. Shirika lilisimamisha kwa muda kupeleka chakula Somalia kwa njia ya bahari, na watu waliokuwa wakiusubiri ule mchele wakazidi kusubiri.

Dunia iliujua uharamia wa Somalia mwaka 2008, meli kubwa zilipoanza kuonekana kwenye televisheni. Sisi wa Mombasa tulikuwa tumeujua tangu Semlow. Wakati huo nilikuwa karani katika ofisi ya ajenti wa meli karibu na bandari ya Kilindini. Kazi yangu ilikuwa makaratasi: kupokea taarifa za meli inayokuja, kuandaa fomu za uhamiaji na forodha, kupanda melini na maafisa na kukusanya sahihi za nahodha. Hati za shehena za meli moja ya kontena zilijaza faili zima: kila katoni na uzito wake, mwenye mali, thamani na bima. Orodha ya mabaharia ilikuwa ukurasa mmoja, wenye jina, cheo, uraia, namba ya pasipoti na namba ya kitabu cha ubaharia.

Naieleza historia hii kutoka kwenye ukurasa huo mmoja, kwa sababu historia ya uharamia imezoeleka kusimuliwa kwa meli, kwa manowari na kwa mamilioni ya dola. Ukiifuata kwa mabaharia, unaliona jambo lililofichika: siku ambazo mtu alikaa mateka zilitegemea thamani ya meli aliyopanda na uwezo wa mwenye meli. Kosa lake yeye halikuwemo katika hesabu hiyo, wala umri wake, wala watoto aliowaacha nyumbani.

Chanzo cha balaa lenyewe kinajulikana. Serikali ya Siad Barre nchini Somalia ilianguka mwaka 1991, na ufuo mrefu kuliko wote katika bara la Afrika ukabaki bila mlinzi. Meli za uvuvi za mataifa ya mbali ziliingia zikavua bila kibali, zikikata nyavu za wavuvi wadogo. Baadhi ya wavuvi wakaanza kuzifukuza, kisha kuzikamata na kuzitoza fedha, wakijiita walinzi wa pwani. Malalamiko yao yalikuwa ya kweli. Lakini kufikia wakati wa Semlow, biashara ilikuwa imeingia mikononi mwa watu wengine. Mchele wa msaada haukuiba samaki wa mtu. Nchi kavu, katika miji ya pwani ya Eyl, Hobyo na Harardhere, walikaa wenye mitaji: huyu katoa mashua, yule katoa silaha, mwingine kakopesha chakula na mirungi. Palikuwa na walinzi wa zamu, wapishi na wakalimani wa kuzungumza na wenye meli. Wote walisubiri siku ya fidia, na kila mtu alikuwa na fungu lake.

Utekaji wenyewe ulifanywa na vijana wachache. Waliwekwa ndani ya jahazi au meli ya uvuvi iliyotekwa, wakaenda nayo mamia ya maili baharini. Hapo walishusha mashua nyembamba za mashine zenye nguvu, zikaikimbilia meli kwa nyuma, upande wa tezi, ambako walio juu hawaoni vizuri. Baharia mmoja aliyerudi alinieleza kuwa kilichomtisha kabla ya bunduki ni ngazi. Ilikuwa ngazi ndefu ya alumini, nyepesi, ya kawaida tu kama ya fundi wa kupaka rangi, isipokuwa nchani ilikuwa imefungwa ndoano mbili za chuma. Ndoano zikishika ukingo wa sitaha, mtu peku hupanda kwa dakika isiyotimia. Meli iliyojaa mzigo, inayokwenda polepole na ambayo sitaha yake haiko juu sana ya maji, haina la kufanya.

Ofisini tulijifunza kuisoma kalenda kwa namna mpya. Kusi likikaza, Juni hadi Agosti, mawimbi huwa makubwa kwa mashua ndogo na ilani za hatari hupungua. Maleleji ikiingia bahari hutulia, na ilani huanza kumiminika. Si kanuni isiyovunjika, kwani Semlow yenyewe ilitekwa kusi likivuma. Lakini tazama tarehe nyingine: MV Faina, 25 Septemba 2008, Sirius Star, 15 Novemba 2008, Maersk Alabama, 8 Aprili 2009, Golden Wave 305, 9 Oktoba 2010, MV Albedo, 26 Novemba 2010. Pepo zilezile zilizoleta majahazi ya biashara pwani yetu kwa karne nyingi sasa zilikuwa ratiba ya watekaji.

Hizo meli tano si sawa, na tofauti yake ndiyo kiini cha ninayoyasema.

Sirius Star ilikuwa meli ya mafuta ya Saudia, yenye urefu wa mita 330 na mapipa takribani milioni 2 ya mafuta ghafi. Ilitekwa kiasi cha maili 450 za baharini kusini-mashariki mwa Mombasa, mbali kuliko tulivyodhani mtu anaweza kufika kwa mashua. Siku ile ofisi zote za meli mjini zilikuwa na neno moja tu la kuzungumza: ikiwa hiyo imechukuliwa, ipi imesalimika? Mabaharia wake 25 waliachiwa 9 Januari 2009, baada ya fidia kudondoshwa kwa mwamvuli kutoka angani. Hawakumaliza miezi miwili.

Faina ilikuwa ikija Mombasa na vifaru 33 aina ya T-72. Serikali ya Kenya ilisema ni vyake, wengine wakasema vilikuwa vya Sudan Kusini, na mzozo ule ulijaza magazeti kwa wiki nyingi. Katika kelele hizo ni wachache waliomkumbuka nahodha, Vladimir Kolobkov, aliyefariki melini muda mfupi baada ya kutekwa. Wenzake walikaa zaidi ya miezi minne hadi zilipolipwa dola milioni 3.2, na meli ikatia nanga Mombasa 12 Februari 2009. Maersk Alabama nayo ilikuwa ikija Mombasa na chakula cha msaada. Nahodha wake Mmarekani, Richard Phillips, alichukuliwa ndani ya boti ya kuokolea, na siku nne baadaye wanajeshi wa nchi yake walimwokoa kwa risasi.

Mafuta, vifaru na bendera ya Marekani vilipata majibu ya haraka, na dunia ikaamka. Umoja wa Ulaya ulianzisha operesheni ya Atalanta Desemba 2008. NATO na muungano wa manowari ulioongozwa na Marekani nao walikuwamo. China, India na Urusi pia zilituma zao. Katika Ghuba ya Aden ilichorwa njia maalumu ya kupita meli kwa makundi chini ya ulinzi. Januari 2009 nchi za eneo letu zilikutana Djibouti na kukubaliana kubadilishana taarifa, na vituo vya taarifa vikawekwa Sana'a, Mombasa na Dar es Salaam.

Mimi niliyaona mabadiliko hayo kwenye sitaha. Meli zilizokuwa zikifika Kilindini na maua ya plastiki kwenye chumba cha kulia sasa zilifika zimezungushiwa seng'enge za wembe ubavuni kote. Mipira ya maji ya zimamoto ilikuwa imefungwa kuelekea nje, tayari kumwaga maji kwa nguvu juu ya mashua. Kwenye baadhi ya meli walisimamisha sanamu zilizovalishwa ovaroli, ili kwa mbali ionekane walinzi ni wengi. Chini, karibu na chumba cha mashine, kulikuwa na chumba cha kujifungia: mlango wa chuma, maji, biskuti kavu, simu ya setilaiti na njia ya kuzima mashine. Maharamia wakipanda, mabaharia wote hukimbilia humo wakaiacha meli imekufa mikononi mwa watekaji mpaka manowari ifike. Kisha wakaja walinzi wenye bunduki, wengi wao wanajeshi wastaafu, na katika miaka ile hakuna meli yenye walinzi wa aina hiyo iliyotekwa na maharamia wa Somalia.

Mombasa ilipewa pia mzigo wa kuhukumu. Mwaka 2006 mahakama ya mji huu ilikuwa imekwisha kuwafunga Wasomali 10 miaka 7 kila mmoja, baada ya manowari ya Marekani kuwakuta na jahazi la Kihindi walilolipora. Kati ya mwisho wa 2008 na Machi 2009 Kenya ilitiliana saini na Uingereza, Marekani na Umoja wa Ulaya ili washukiwa waletwe hapa. Juni 2010 mahakama maalumu ilifunguliwa Shimo la Tewa, karibu na gereza. Miezi michache baadaye, Novemba 2010, Jaji Mohammed Ibrahim aliamua kwamba mahakama za Kenya hazina mamlaka juu ya makosa yaliyotendwa bahari kuu. Uamuzi huo ulidumu hadi Oktoba 2012, Mahakama ya Rufaa ilipoutengua na kusema uharamia ni kosa ambalo kila taifa lina haki ya kulihukumu. Kazi ile haikuwa rahisi. Shahidi ni baharia, na baharia leo yuko Mombasa, mwezi ujao yuko Busan. Kumrudisha kizimbani ni safari, ni gharama, na ni kumtaka ayakumbuke upya aliyotaka kuyasahau. Naona fahari kwamba ilikuwa pwani yetu iliyosema haramia ashitakiwe, awe na wakili, asikilizwe, na akikutwa na hatia afungwe kwa sheria.

Kwa jumla hatua hizo zilizaa matunda. Benki ya Dunia ilikadiria kwamba kati ya 2005 na 2012 zilitekwa meli 179, na fidia zilizolipwa zilikuwa kati ya dola milioni 339 na 413. Baada ya Mei 2012, ilipita miaka karibu mitano bila meli kubwa ya biashara kutekwa. Magazeti yalihama, manowari zikapungua, na hotuba zikatangaza ushindi.

Lakini wakati hotuba zikitolewa, watu bado walikuwa mikononi mwa maharamia.

Golden Wave 305 ilikuwa meli ya uvuvi. Ilichukuliwa karibu na Lamu, majini mwetu kabisa, ikiwa na watu 43, na 39 kati yao walikuwa Wakenya. Vijana wengi walikuwa wa pwani hii, waliokwenda kutafuta riziki ya kuvuta nyavu. Mwenye meli hakuwa na fedha za kulipa, na hakukuwa na bima ya maana nyuma yake. Walikaa miezi minne, kisha Februari 2011 wakaachiwa. Hapakuwa na kifaru wala pipa la mafuta ndani yake, na dunia haikuijua.

Kipindi hicho ndipo kina mama walipoanza kuja ofisini kwetu. Meli iliyowachukua waume na wana wao haikuwa yetu, lakini wao waliona bango la meli mlangoni wakaingia. Mmoja simsahau. Alikuja mwisho wa mwezi, buibui lake limepauka mabegani, mkononi ana bahasha ya kaki iliyokunjwa mara nne. Nilimkaribisha nikidhani ataniuliza mwanawe atarudi lini.

“Mwanangu,” akasema, “naomba unisomee. Hapa wamesema nini juu ya mshahara?”

Ndani mlikuwa na nakala ya mkataba wa kazi, kwa Kiingereza, herufi ndogo. Niliusoma wote. Hapakuwa na neno juu ya utekaji. Aliyemwajiri mwanawe alikuwa amekwisha kumwambia kwa simu kwamba mtu asiye kazini hahesabiwi mshahara.

“Kwani yuko wapi kama hayuko kazini?” akaniuliza. “Nyumbani kwangu hayupo.”

“Ni kweli, mama,” nikasema, na sikuwa na jingine la kumpa. Nikamwandikia kwenye karatasi majina ya ofisi tatu za kwenda kuulizia, ingawa nilijua jibu atakalopewa. Mchele wa dukani alikuwa anauchukua kwa mkopo, kodi ya chumba ilikuwa nyuma kwa miezi miwili, na mjukuu alikuwa amerudishwa nyumbani kwa karo. Maharamia walikuwa wamemteka mwanawe, na mkataba ukaiteka nyumba.

Albedo nilikuwa naijua kwa jina kwa sababu ilikuwa ikija kwetu, kutoka Jebel Ali kwenda Mombasa, na kontena. Ilikuwa na mabaharia 23 wa Pakistan, Bangladesh, Sri Lanka, India na Iran. Ilipotekwa, wenye mizigo walipiga simu wiki za mwanzo, wakadai bima, wakaagiza mali nyingine, wakaacha kupiga. Mmoja wa mabaharia aliuawa. Mwaka 2012 wale 7 wa Pakistan waliachiwa baada ya wananchi wenzao kuchangishana fedha nchini kwao. Wengine, ambao hawakuwa na wa kuwachangia kiasi hicho, wakabaki. Julai 2013 meli yenyewe ilizama ikiwa nangani, wanne wakafa maji. Waliobaki, 11, walishikiliwa nchi kavu hadi Juni 2014, ndipo wakaletwa Nairobi. Ilikuwa imepita miaka mitatu na nusu.

Naham 3 ilikuwa meli ya uvuvi ya Taiwan, iliyochukuliwa Machi 2012. Ndani yake walikuwamo watu 29 kutoka China, Taiwan, Ufilipino, Vietnam, Indonesia na Kambodia. Nahodha aliuawa siku ya utekaji, wawili wakafa kwa maradhi. Meli ilizama, mateka wakahamishiwa nchi kavu, na watu 26 waliobaki waliachiwa Oktoba 2016 wakapitishwa Nairobi. Walikaa zaidi ya miaka minne na nusu, na baadhi yao walieleza kwamba walikula panya. Walioshughulikia kuachiwa kwao ni watu wachache wa kujitolea wakiongozwa na John Steed, kanali mstaafu wa Uingereza aliyekuwa akiishi Kenya, waliofanya kazi ya kuwatafuta mateka ambao wenye meli walikuwa wamewatelekeza.

Ziweke bega kwa bega: Sirius Star, chini ya miezi miwili, Naham 3, miaka minne na nusu. Watekaji walitoka ufuo uleule, na bunduki zilikuwa zilezile. Kilichotofautiana ni kilichokuwa ndani ya meli. Wahenga walisema mwenye kovu usidhani kapoa, na nimewaona mabaharia waliorudi ambao hawawezi kulala taa ikiwa imezimwa. Lakini hata kabla ya kovu, kuna haki ya mshahara ambayo ingeweza kulindwa kwa wino tu.

Wino huo ulikuja, ila kwa kuchelewa. Mwaka 2018 Mkataba wa Kazi za Ubaharia wa 2006, ambao Kenya iliuridhia mwaka 2014, ulifanyiwa marekebisho: baharia akitekwa na maharamia au majambazi wenye silaha, mkataba wake wa kazi unaendelea, na mshahara na fedha wanazopelekewa jamaa zake zinaendelea kulipwa mpaka aachiwe na kurudishwa kwao. Marekebisho yalianza kutumika 26 Desemba 2020, miaka 15 baada ya Semlow. Nilipoyasoma nilimkumbuka yule mama na bahasha yake, nikafurahi. Kisha nikasoma kifungu kinachotaja meli zinazohusika. Mkataba ule hauzigusi meli za uvuvi, wala vyombo vilivyoundwa kijadi kama majahazi. Wavuvi wana mkataba wao, namba 188 wa mwaka 2007, na kinga hiyo ya mateka haimo.

Maana yake ni hii: waliokaa muda mrefu kuliko wote ndio walioachwa nje. Golden Wave ingetekwa leo, wale vijana 39 wasingekuwa na kifungu hicho cha kusimamia. Na majahazi ndiyo vyombo vya watu wetu, vinavyokwenda Kismayu, Pemba, Comoro na Ghuba.

Jambo hili si la makumbusho. Desemba 2023 meli ya MV Ruen ilitekwa, ikashikiliwa miezi mitatu hadi wanamaji wa India walipoikomboa Machi 2024. Mwezi huohuo wa Machi ilichukuliwa MV Abdullah ya Bangladesh ikiwa na mabaharia 23 na tani 55,000 za makaa ya mawe, njiani kutoka Maputo. Wao waliachiwa baada ya mwezi mmoja. Manowari zilikuwa zimeelekezwa Bahari ya Shamu, na maharamia waliokuwa wamelala wakaamka. Mwenye kudhani ngazi za alumini zilichomwa moto zote haijui pwani hii.

Kenya na Tanzania hazihitaji kusubiri Geneva, inakotungwa mikataba hiyo, kwa miaka mingine 15. Zina mabunge, na sheria za meli ni zao. Zinaweza kuamuru kwamba mvuvi na baharia wa jahazi, mwenye mkataba wa karatasi au wa mdomo, akitekwa ujira wake uendelee kumfikia mkewe au mzazi wake, na kwamba chombo kisiruhusiwe kung'oa nanga kabla mwenyewe hajaonyesha bima ya watu, kama anavyoonyesha bima ya mzigo. Zinaweza kuweka ofisi moja, yenye mlango unaojulikana, ambako familia itapata habari bila kuzungushwa. Hilo ni jambo dogo kuliko manowari moja. Tumeweza kuzilinda meli kwa seng'enge, kwa bunduki na kwa mahakama, na tulifanya vema. Sasa tuwalinde walio ndani yake, tukianza na wale ambao meli zao hazina bei.